Bahasha Iliyokaa Juu ya Kabati

Hotuba ya wakili kwa wakulima na wafanyabiashara, Mafinga, wilayani Mufindi

Kamwene! Wazee wangu, mama zangu, na ninyi vijana mliosimama huko nyuma kwa sababu viti vimekwisha, kamwene nyote. Kwenye ratiba nimepangiwa mada ndefu, "Nafuu ya mahakama kwa mkopaji anayedaiwa na benki." Najua hakuna aliyefunga duka asubuhi hii ili asikilize mada. Mmekuja kwa sababu ya nyumba, au shamba la miti, au kile kiwanja ambacho hati yake imelala benki. Basi tuzungumzie hivyo.

Miaka michache iliyopita mama mmoja wa Ilula, mkulima wa nyanya, alikuja ofisini kwangu Iringa na mfuko wa rambo. Ndani ya mfuko mlikuwa na tangazo la mnada. Alikuwa amelibandua mwenyewe ukutani, na nyuma ya karatasi gundi bado ilikuwa imeshika vipande vya chokaa ya nyumba yake. Zilibaki siku nne. Nikamuuliza, "Mama, kabla ya tangazo hili hukuletewa barua?" Akasema ililetwa. Iko wapi? Juu ya kabati. Ilisemaje? Akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Mwanangu, sikuifungua. Nilijua haina heri."

Tulikwenda Ilula siku hiyohiyo. Bahasha ilikuwa palepale juu ya kabati, na vumbi lake, haijachanwa. Ilikuwa imekaa siku 71.

Nawaambia habari hii kwa sababu karibu kila mtu aliyepoteza nyumba mikononi mwangu aliipoteza katika siku za namna ile, siku za bahasha kukaa juu ya kabati. Mahakama ina nafuu, na leo nitawaeleza ni ipi. Lakini nafuu hiyo ina saa yake, na saa inaanza kugonga siku unayopokea barua.

Sheria ya Ardhi, Sura ya 113, inasema hivi. Ukishindwa kulipa rejesho, benki ni lazima ikupe notisi ya maandishi. Notisi hiyo ieleze umekosea nini, unadaiwa kiasi gani, na kwamba zikipita siku 60 tangu uipokee, deni zima linaiva kwa mkupuo na benki inaweza kuigeukia rehani. Inaweza kuweka mtu wa kukusanya mapato ya mali ile, kuipangisha, kuingia na kuishika, au kuiuza. Na sikilizeni vizuri hapa, kwa sababu hapa ndipo watu wetu wanapoumia: ili iuze nyumba uliyoiweka rehani, benki haihitaji hukumu ya hakimu. Wengi wanakaa wanasubiri samansi. Wanasema, "Wakinipeleka mahakamani nitajieleza." Samansi haiji. Anayekuja ni dalali na gari lenye spika. Ukitaka hakimu akusikilize, wewe ndiye unayetakiwa kumfuata.

Kwa hiyo bahasha ikifika, ichane. Andika juu yake kwa kalamu tarehe uliyoipokea na jina la aliyeipokea. Kama imepokelewa na binti wa kazi, au imeachwa kwa mjumbe wa nyumba kumi, andika hivyo. Kama barua ni ya Kiingereza, mtafute mwalimu, mtafute katekista, mtafute kijana aliyemaliza chuo, akusomee siku ileile. Usione aibu. Mkataba wenyewe uliusaini kwa Kiingereza, aibu gani tena imebaki?

Ndani ya siku 60 andika barua kwa benki ukiomba ratiba mpya ya marejesho, na waigongee mhuri nakala yako. Hapa niseme jambo linaloniuma. Mkulima wa mpunga kule Usangu anapanda mvua zikianza na anavuna kuanzia Mei. Mkopo wake unaanza kudai rejesho mwezi unaofuata, kama vile yeye ni mwalimu mwenye mshahara. Atalipa na nini mwezi wa pili? Analipa kwa kukopa kwingine, kwa hawa wakopeshaji wa riba kubwa tunaowaita kausha damu, na mavuno yakifika tayari si yake. Mwaka 2017, serikali ilipozuia mahindi kwenda nje na bei ikaanguka huku kwetu, niliona watu waaminifu kabisa, wenye magunia yamejaa ghalani, wakishindwa kulipa. Hawakuwa wadanganyifu. Walikuwa na mahindi na hawakuwa na mnunuzi. Ratiba ya rejesho ifuate msimu wa zao, na neno hilo liombwe kabla ya kusaini. Ukishasaini ya kila mwezi, mahakama itakuhukumu kwa ya kila mwezi.

Sasa tuingie mahakamani.

Nafuu ya kwanza ambayo kila mtu anaitaka ni zuio la muda, amri ya kusimamisha mnada. Zuio halitembei peke yake. Linabebwa mgongoni na shauri la msingi: ni lazima ufungue kesi yenyewe, ueleze benki imekukosea wapi, na pamoja nayo upeleke maombi ya zuio yenye hati ya kiapo. Mnada ukiwa kesho kutwa, wakili anaongeza hati ya dharura ili msikilizwe haraka.

Hakimu atapima kwa mizani iliyowekwa mwaka 1969 na Jaji Mkuu Georges katika kesi ya Atilio na Mbowe. Mizani hiyo inatumika mpaka leo kuanzia Mahakama ya Wilaya hadi Mahakama Kuu pale Iringa, Mbeya, Songea na Sumbawanga. Kwanza, je, kuna hoja nzito ya kuamuliwa, yenye dalili kwamba mlalamikaji anaweza kushinda? Pili, bila zuio, atapata hasara isiyolipika? Tatu, kati ya pande mbili, nani ataumia zaidi amri ikitolewa au ikikataliwa? Ni lazima yote matatu yasimame.

Niwaambie ukweli bila kuwapaka mafuta: kwenye hilo la pili ndiko maombi mengi yanakofia. Mtu anaapa, "Nyumba hii ndiyo makazi yangu, nina watoto sita." Mwanasheria wa benki anasimama na kusema, mheshimiwa, nyumba hii aliithaminisha mwenyewe, akaileta mwenyewe, akakubali kwamba asipolipa iuzwe. Thamani yake inajulikana kwa shilingi. Akishinda kesi, benki ina uwezo wa kumlipa fedha hizo. Na mara nyingi hakimu anakubaliana na benki. Machozi ni ya kweli, nami nimeyaona mengi, lakini machozi hayajazi hati ya kiapo.

Kinachojaza hati ya kiapo ni kosa la benki lenye ushahidi. Notisi haikutolewa, au imetolewa na siku 60 hazijatimia. Kiasi kinachodaiwa si sahihi. Marejesho hayakuingizwa kwenye akaunti. Mwenzi wa ndoa hakuridhia. Mnada umetangazwa kinyume cha sheria. Haya ndiyo maneno mahakama inayasikia.

Yule mama wa Ilula alikuwa ameshalipa marejesho kumi na moja. Benki ilihesabu tisa. Mawili aliyapeleka kwa wakala wa pale sokoni, na risiti anazo. Akazitoa kwenye kitambaa alichofungia fedha zake. Zilikuwa nyeupe. Nyeupe kabisa, mama zangu, kama karatasi ambayo haijawahi kuandikwa. Karatasi ile ya mashine ya wakala inafifia ikikaa juani au ikibanwa na jasho. Tuliinua moja mbele ya dirisha tukaona kivuli cha tarakimu nne za mwisho. Ikabidi tuombe benki taarifa ya akaunti, tuite na wakala aape kwa daftari lake. Tangu siku ile kila anayekuja kwangu namwambia: risiti ya wakala ipige picha kwa simu hapohapo dirishani, na mwisho wa wiki itoe fotokopi. Fotokopi haififii.

Kuhusu ridhaa ya mwenzi. Nyumba ya ndoa haiwekwi rehani na mtu mmoja. Sheria ya Ardhi inataka mume au mke anayeishi humo aridhie, na benki inatakiwa ichukue hatua za kujiridhisha kama mwombaji ana mwenzi. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inampa mwenzi maslahi katika nyumba ya ndoa, na anaweza kuyalinda kwa kuweka pingamizi kwa Msajili wa Hati. Kuna wanaume wanaokwenda kuapa kwamba hawana mke, ilhali mke yuko nyumbani anapika ugali. Kusema uongo huo ni kosa la jinai. Na kuna jingine baya, nalo lazima niliseme: wapo wanandoa waliokubaliana vizuri kabisa, fedha wakazila pamoja, halafu mnada ukifika mke anatumwa mahakamani akane sahihi yake. Majaji wameuona mchezo huo mara nyingi mno, na unawafanya wamtilie shaka hata mwanamke ambaye kweli aliibiwa ridhaa yake. Msiwaharibie njia wenzenu.

Na mdhamini. Hapa naomba mnivumilie. Nilikuwa kidato cha pili, tunaishi Tukuyu, baba yangu alipomdhamini rafiki yake kwa hati ya nyumba yetu. Rafiki akahama mji. Baba hakujua kwamba marejesho yamesimama. Alijua siku watu wawili walipokuja na kopo la rangi nyekundu wakaandika ukutani. Mnajua mvua ya Tukuyu. Tulitoa vitanda tukavifunika turubai, na mama akakaa juu ya turubai ili upepo usilichukue. Barua za benki zilikuwa zikienda kwenye sanduku la posta la yule rafiki. Leo, nikiwa na miaka hii ya uwakili, najua baba alikuwa na hoja ya kumpelekea hakimu. Hakuna aliyemwambia. Wewe uliyemdhamini mtu, anwani yako na namba yako ya simu viwe kwenye mkataba, na kila baada ya miezi michache muulize uliyemdhamini akuonyeshe taarifa ya akaunti. Akikasirika, akasirike.

Turudi kwenye mnada. Sheria ya Madalali inataka ardhi isiuzwe kwa mnada hadi tangazo litolewe kwa siku zisizopungua 14, katika mji mkuu wa wilaya ardhi ilipo na pia mahali mnada utakapofanyika. Tangazo liwe kwa Kiswahili pia, litaje jina la mwenye mali na anakoishi, na litolewe hata kwa njia ambayo asiyejua kusoma ataielewa. Kwa hiyo mnada wa nyumba ya Mafinga uliotangazwa gazetini tu, tena kwa Kiingereza, una kasoro. Litunzeni tangazo. Lipigeni picha likiwa ukutani, na tarehe ya picha ionekane.

Benki inapouza ina wajibu wa kutafuta bei nzuri kadiri inavyopatikana wakati ule. Sheria imeweka hata kipimo. Bei ikiwa chini ya ile ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, inachukuliwa kwamba benki imekiuka wajibu wake mpaka yenyewe ithibitishe vinginevyo, na mkopaji anaweza kuiomba mahakama itamke kwamba mauzo yale ni batili. Nyumba za aina yako mtaani zikiuzwa milioni 40, na yako imeuzwa milioni 28, una hoja. Ila uende na mthamini. Maneno ya "nyumba yangu ilikuwa nzuri" hayatoshi.

Na ikishauzwa kihalali, benki ikajikata gharama na deni lake, kinachobaki ni chako. Ni wangapi hapa wameuziwa mali na hawajawahi kuuliza salio? Naona mikono. Inueni juu, msiogope. Haya, ninyi kumi na wawili nitawaona baadaye.

Lakini wazee wangu, kumfuata mnunuzi baada ya nyundo kugonga ni kupanda mlima mwingine. Sheria inamlinda aliyenunua kwa nia njema, na mara nyingi mahakama itakuambia ukaidai benki fidia, nyumba imekwenda. Kabla ya mauzo kukamilika mlango wa kulipa na kuchukua hati yako uko wazi. Ndiyo maana nasisitiza siku za mwanzo.

Tuseme umepata zuio. Watu wakipata zuio wanachinja mbuzi. Subirini. Amri ile inaishi muda usiozidi miezi sita. Inaweza kuongezwa, ila kwa jumla haivuki mwaka mmoja. Na ndani ya muda huo deni liko palepale, na riba inaendelea kama mkataba unavyosema. Zuio limekununulia msimu mmoja, pengine miwili. Utautumiaje? Kesi za madai zinapita kwenye usuluhishi, na pale ndipo nimeona nyumba nyingi zikiokolewa kuliko kwenye hukumu. Benki haipendi kesi ya miaka. Ukienda na fedha kidogo mkononi na pendekezo linaloeleweka, wanakaa nawe mezani, mnaandika makubaliano, hakimu anayafanya kuwa hukumu. Yule mama wa Ilula, baada ya hesabu kurekebishwa, alikubali kuuza mwenyewe ekari mbili alizokuwa nazo kando ya barabara. Aliziuza kwa bei ya jirani mwenye kuzitaka, bila dalali wala spika, akapunguza deni, na lililobaki likapangwa upya kufuata misimu ya nyanya. Alimaliza kulipa. Hati aliikunja akaiweka kwenye bati la biskuti, na bati lenyewe liko juu ya kabati lilelile.

Wakati mwingine benki yenyewe ndiyo inayokwenda mahakamani, kwa shauri la muhtasari. Hapo huruhusiwi kujitetea mpaka uombe kibali, na kwa mkopo wa rehani kibali kinatolewa ukionyesha kwamba deni au sehemu inayodaiwa imekwisha kulipwa, au kwamba mkopo haukutolewa. Kusema "biashara iliharibika" hakufungui mlango huo. Mnaona tena umuhimu wa zile risiti.

Kuna swali nimeletewa kwa kikaratasi: je, mahakama inaweza kuchukua hata nyumba ninayolala? Jibu linategemea. Kama unadaiwa bila rehani, na mdai ameshinda kesi, sheria ya mwenendo wa madai inazuia kukamatwa kwa nyumba unayoishi na familia yako, vyombo vya kupikia, matandiko, zana za fundi, jembe na mbegu za mkulima. Lakini nyumba uliyoiweka rehani kwa sahihi yako haina ngao hiyo. Ngao uliivua siku uliyosaini.

Msifungue kesi mahali pasipostahili. Kesi iliyokosea baraza hutupwa nje, na wakati inatupwa dalali anaendelea. Na kama mdai wako ni taasisi au kampuni ya umma, muulize wakili mapema kuhusu notisi ya siku 90 unayotakiwa kuitoa kabla ya kuishtaki, kwa kuwa marekebisho ya mwaka 2020 yalipanua kundi la taasisi zinazohusika. Siku 90 ni nyingi na mnada hauzisubiri. Katika kipindi hicho Mahakama Kuu inaombwa amri ya Mareva, jina lililotoka kwenye kesi ya Uingereza ya mwaka 1975, ili hali ibaki kama ilivyo mpaka kesi ifunguliwe. Hii si kazi ya vishoka wanaozunguka na mihuri pale stendi. Asiye na fedha za wakili, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 ipo kwa ajili yake, aulize ofisi ya halmashauri. Na lalamiko ambalo benki imelikataa au imelikalia linaweza kupelekwa Benki Kuu, ambayo ina tawi Mbeya. Hilo halisimamishi mnada, lakini limewahi kuwafanya watu wapigiwe simu na kuitwa mezani.

Nitakaa kwenye ile meza chini ya mti wa mkaratusi mpaka saa kumi jioni, na vijana wangu wawili wana mashine ya fotokopi. Wale kumi na wawili wa salio waanze. Wengine mwenye notisi aje na notisi, mwenye mkataba aje na mkataba. Na aliyeacha bahasha nyumbani haijafunguliwa, bodaboda ziko hapo nje, aende akailete, tutaifungua pamoja.